Bendera Mbili Uani

Siku ya tano ya Mfungo Mosi, mwaka wa nne wa vita, Kidawa aliingia chumba cha uani asubuhi kuchukua mbuzi ya kukunia nazi, akakuta ukuta wa nyuma haupo. Mahali pa ukuta palikuwa na shamba lililoungua. Mbele ya shamba vilisimama vibanda saba visivyo na mapaa, na nyuma ya vibanda ulipita mto mpana wenye rangi ya chai ya maziwa. Sakafu ya chokaa iliishia kwenye miguu ya kitanda kibovu kilichowekwa humo tangu zamani. Kuanzia hapo ulikuwa udongo mweusi. Mbuzi ilikuwa upande wa chokaa. Kidawa aliiokota, akaipangusa jivu, akarudi jikoni kukuna nazi kwa sababu muhogo ulikuwa umeshaiva.

Alipokwisha kutia tui ndipo alipotoka kumwambia mumewe.

Gharib alikuwa amekaa kwenye baraza ya nje, miguu yake iliyovimba ameiweka juu ya gunia lililokunjwa.

"Chumba cha uani kimeingia mto," Kidawa alisema.

"Mto gani?"

"Mpana. Na vibanda saba."

"Vina mapaa?"

"Havina."

Gharib aliishusha miguu chini, mmoja kisha wa pili. "Basi ni Namkoli," alisema. Akaomba maji ya kunywa.

Walikuwa wakikaa mtaa wa Malindi, karibu na bandari, katika vyumba vya chini vya nyumba ya mawe ya Bi Shariffa binti Khelef. Bi Shariffa mwenyewe alikaa ghorofani, peke yake. Babu yake alikuwa na mashamba ya mikarafuu upande wa Kizimbani. Mashamba yalikwenda moja baada ya jingine, na mjukuu akabakiwa na nyumba, hati ya nyumba, na sauti ya mtu aliyezoea kuitikiwa. Gharib alikuwa hamali wa bandarini. Mwaka uliopita askari walikuja forodhani wakawakusanya mahamali kwenye kazi zao, wakawapandisha meli, wakawapeleka bara kulibebea jeshi mizigo. Gharib alirudi baada ya miezi minane, amekonda mwili na kunenepa miguu. Mkewe alipomuuliza alikuwa akibeba nini huko, alisema dawa na barua. Hakuulizwa tena.

Siku hiyo adhuhuri Bi Shariffa aliita kutoka juu.

"Kidawa!"

"Naam, Bi."

"Moshi huo wa nini?"

"Wa Namkoli, Bi. Imeungua."

"Imeungua lini?"

"Mwaka jana."

"Basi mbona haujesha?" Bi Shariffa akafunga madirisha ya upande wa uani.

Siku ya tatu alikuja mtu. Alikuwa mwanamke wa umri wa Kidawa, amevaa kaniki iliyochakaa, amekonda mpaka mifupa ya mabega inahesabika. Alilivuka shamba taratibu, akasimama pale udongo ulipokutana na chokaa, akapiga hodi. Kidawa akamkaribisha. Mwanamke alijipangusa nyayo kwanza, ndipo akaingia. Alisema anaitwa Somoe.

"Namtafuta mwanamume mrefu," alisema. "Sikio lake la kushoto limekatika ncha."

"Huyo ni mume wangu."

"Alichukua gunia letu la mbegu."

Kidawa alimvutia kibao cha kukalia, akaenda kumwita Gharib. Gharib aliingia akiushika ukuta. Alipomwona Somoe hakusalimu wala hakusalimiwa. Alikaa sakafuni mbele yake kama mtu aliyeitwa kwa kadhi, akaeleza, na maelezo yake aliyaelekeza kwa mkewe, maana Somoe alikuwa anayajua.

Namkoli ilikuwa juu ya ulimi wa ardhi karibu na mlango wa mto mkubwa. Kwa miaka thelathini Wadachi, hao Wajerumani, walisema ulimi ule ni wao, na Wareno walisema ni wao, na kila mmoja alikuwa na ramani. Watu wa Namkoli hawakuwahi kuoneshwa ramani hata moja. Vita vilipoanza Wadachi walikuja wakachukua mbuzi. Halafu wakaja Wareno, wakayachoma mapaa kwa kosa la kuwapa Wadachi mbuzi. Mwisho likaja jeshi la Waingereza, likiwafukuza Wadachi, na humo ndimo alimokuwa Gharib. Hapakuwa na kitu cha kuchukua ila gunia moja la mtama wa mbegu, lililofukiwa chini ya jiko la Somoe. Askari walilifukua. Afisa aliyepanda nyumbu alimnyooshea Gharib fimbo, kisha akalinyooshea gunia. Gharib akalishika. Somoe akalishika upande wa pili.

"Tukavutana," Gharib alisema. "Sikumpiga. Nilivuta tu mpaka akaachia."

"Niliachia kucha zilipong'oka," Somoe alisema.

"Nikaweka ngata kichwani nikabeba siku nne. Siku ya tano tulivuka maji, gunia likarowa, likaanza kunuka. Wakaniambia nitupe."

"Hamkula?" Somoe aliuliza.

"Hatukula."

"Hata mmoja wenu?"

"Hata mmoja."

Somoe alitikisa kichwa kidogo, kama mtu anayesikia habari ya mgonjwa aliyekuwa akimtaraji kufa. Kidawa alikuwa bado amesimama mlangoni, mwiko mkononi.

"Uliniambia ulibeba dawa na barua," alimwambia mumewe.

Gharib aliinamia miguu yake. Kidawa akamgeukia mgeni.

"Na walikuwa wengi, si yeye peke yake. Alikuwapo huyo wa nyumbu. Kwa nini mmekuja hapa?"

"Yule wa nyumbu jua lilikuwa nyuma yake," Somoe alisema. "Askari walikuwa na kofia. Huyu nilimwona uso. Tulikuja kwa huyu."

Kidawa aliona kuwa jambo hilo lina maana. Alipakua muhogo sahani mbili, moja ya Somoe, nyingine ya babake Somoe, Mzee Mfaume, aliyekuwa amelala kwenye kibanda cha mwisho. Gharib hakupakuliwa. Kwa siku sita Kidawa alimpikia mumewe, akamfulia, akamkanda miguu kwa maji ya chumvi, na hakusema naye neno. Siku ya saba alisema naye.

"Nenda Mkokotoni," alimwambia. "Kwa mjomba wangu Silima. Yeye huweka mbegu."

Gharib alikwenda Mkokotoni kwa miguu ile ile. Alitumia siku mbili kwenda. Mjomba Silima alimpokea vizuri, akamlisha samaki, akaenda kwenye ghala yake akampimia gunia zima la mtama.

"Unapanda wapi?" aliuliza.

"Chumba cha uani."

"Mtama unataka jua, mwanangu."

"Jua lipo."

"Haya," alisema mzee Silima, akamfungia mdomo wa gunia. Alitaka kumtafutia punda, Gharib akakataa. Alirudi nalo kichwani siku tatu, akipumzika kila penye kivuli. Alipofika alipita jikoni, akapita chumba cha uani, akashuka kwenye udongo mweusi, akaliweka gunia miguuni pa Somoe. Somoe alilifungua, akachota punje, akaitafuna moja.

"Wa kwenu si kama wa kwetu," alisema. "Lakini utaota."

Hilo ndilo lililosemwa. Gharib alisubiri kidogo kama kuna jingine, kisha akaomba jembe.

Mto ulikuwa umeshuka na bonde limebaki na unyevu, basi walipanda papo hapo, watu kumi na tisa wa Namkoli na hamali mmoja wa Malindi. Mzee Mfaume hakuweza kulima. Alikuwa akikaa pembeni juu ya kigogo, akiwaambia mashimo ni mafupi. Gharib alimwamkia kila asubuhi, "Shikamoo, mzee," na mzee alimwitikia "Marahaba," kwa sababu salamu huitikiwa, kisha akamwambia shimo lake ni fupi. Jioni Gharib alivuka chokaa, akanawa miguu kisimani, akala. Uvimbe ulipungua. Kidawa aliliona hilo wala hakulitaja.

Watu wa mtaani walizoea. Wengine walikuja kutazama mto, wakasema ni mpana, wakarudi makwao. Watu wa Namkoli hawakutoka zaidi ya jiko la Kidawa. Walisema mji hawaujui. Baada ya mwezi Bi Shariffa alilalamika kuwa godoro lake lina umande, kwa sababu chumba chake kilikuwa juu ya chumba cha uani, na chumba cha uani sasa kilikuwa na mbingu. Kidawa alipanda akalianika godoro barazani. Mtama ukafika magotini, ukafika kifuani, ukatoa masuke.

Mwezi wa Mfungo Nne alikuja Salem bin Himid, karani wa serikali, kijana wa mjini mwenye kanzu safi na miwani. Alikuwa akipita nyumba kwa nyumba kuandika idadi ya vyumba. Kidawa alimwonesha ukumbi, chumba cha kulala, jiko, na chumba cha uani. Salem alisimama kwenye ukingo wa chokaa muda mrefu, kalamu mkononi.

"Mto huu una jina?" aliuliza.

Gharib akamtajia.

"Na ng'ambo ile ya nani?"

"Ya Wareno."

"Na ng'ambo hii?"

"Hii ndiyo wanayoigombania."

Salem aliandika, akaomba radhi kwa usumbufu, akaondoka. Baada ya siku nne alirudi na afisa na askari sita.

Afisa alikuwa mtu mrefu, ameiva kwa jua, amehamishiwa Unguja baada ya homa nyingi za bara. Alikuwa na fimbo kwapani. Gharib alimjua tangu alipoinama kupita mlangoni. Afisa hakumjua Gharib. Alitembea mpaka mwisho wa chokaa, akatazama mtama, vibanda, mto, akafungua ramani aliyokuja nayo, akaonekana kuridhika. Alisema maneno mengi, na Salem akayafupisha.

"Anasema vita vinakwisha, pengine mwezi huu huu. Anasema siku vitakapokwisha, ardhi itahesabiwa kwa aliye juu yake. Kwa hivyo leo anaikamata."

"Anamkamata nani?" Kidawa aliuliza.

"Hamkamati mtu, Bi Kidawa. Anakamata chumba."

Bi Shariffa alikuwa akisikiliza kwenye ngazi. Hakuwahi kushuka kwenye vyumba vya chini kwa miaka mingi, na hata hivyo alishuka vidato vitano tu.

"Mwambie chumba changu," alisema. "Nna hati ya babu yangu, ina muhuri."

Salem aliyatia maneno yale Kiingereza. Afisa aliinamisha kichwa kwa adabu.

"Anasema hati yako ni sahihi, Bi. Inakwenda mpaka mwisho wa chokaa."

Askari waliuchimbia mlingoti katikati ya mtama, wakapandisha bendera, wakapanga magunia ya mchanga jikoni. Kidawa akawa anapika kwa kuinama juu ya mchanga. Askari hawakuwa watu wabaya. Mmoja alimwomba pilipili, akashukuru. Watu wa Namkoli waliambiwa wasiende mtoni bila kuuliza, na wakauliza, na kila mara wakaambiwa wangoje.

Siku ya tano yake afisa wa Kireno aliwasili kutoka upande wa mtoni na mitumbwi miwili. Alikuwa na bendera yake na ramani yake. Aliuchimbia mlingoti wake hatua ishirini kutoka ule wa kwanza, akayakata masuke yaliyoizuia bendera isionekane. Maafisa wawili walipigiana saluti, maana vitani walikuwa upande mmoja. Waliketi kwenye viti vya Kidawa, mpakani mwa chokaa na udongo, wakanywa kahawa yake, wakakubaliana kuwa jambo hili wataliamua wakubwa wao, na kwa sasa itoshe kamba. Salem alishika ncha moja ya kamba, askari wa Kireno akashika nyingine. Kamba ilikwenda moja kwa moja katikati ya mtama, ikaingia mlango wa kibanda cha Somoe na kutokea nyuma. Jiko lake likawa kwa Waingereza na kitanda chake kwa Wareno. Makaburi ya Namkoli, yaliyokuwa karibu na mto, yote yalianguka kwa Wareno.

"Nikitaka kulala?" Somoe alimuuliza Salem.

Salem aliuliza, akaletewa jibu.

"Utapewa cheti."

Mtama uliiva wiki ya mwisho ya Mfungo Nne. Watu wa Namkoli waliuvuna, wakaupura, wakaupepeta, wakaujaza magunia kumi na moja. Walikuwa wamekula magugu na muhogo wa Kidawa tangu Mfungo Mosi. Mzee Mfaume aliomba apikiwe uji siku ile ile, akapikiwa, akanywa bakuli moja. Kesho yake maafisa wote wawili walifika asubuhi. Walisema wana askari wa kulisha mpaka mambo yatulie. Mreno akachukua magunia matano, yakashushwa mtoni. Sita yakabaki, yapelekwe bandarini.

Afisa wa Kiingereza alitazama huku na huku. Akamnyooshea Gharib fimbo, kisha akalinyooshea gunia la kwanza.

Gharib alikuwa amesimama karibu na magunia, jembe mkononi. Somoe alikuwa ng'ambo ya magunia. Safari hii hakushika kitu. Mikono yake ilikuwa imeanguka ubavuni, na alikuwa akimtazama.

Gharib aliliweka jembe chini. Akakaa. Alikaa juu ya udongo mweusi, akakunja miguu, akaweka viganja juu ya magoti.

Salem alimwinamia sikioni. "Gharib, beba mpaka mlango wa nje tu. Hatua thelathini. Usijitafutie makubwa."

"Nshabeba," Gharib alisema.

"Lini? Hakuna aliyebeba hapa."

"Hili nshalibeba, bwana karani. Mwaka jana. Mwambie mwenyewe, labda atakumbuka."

Salem alimwambia. Afisa alimtazama Gharib kwa makini, uso, kisha sikio, kisha miguu. Alijitahidi kweli kukumbuka, ilionekana. Mwisho akatikisa kichwa, akasema alipita vijiji vingi mwaka ule, na kwamba amri iliyokataliwa wakati wa vita ni amri iliyokataliwa wakati wa vita. Gharib alipewa miezi sita ya jela na kazi ngumu. Alipitishwa jikoni mikono imefungwa, na hapo akasimama mbele ya mkewe.

"Sikukwambia kweli," alisema.

"Nlijua siku ile ile," Kidawa alisema. "Umekula?"

"Sijala."

Alimtia kipande cha muhogo mdomoni kwa mkono wake, kingine akamtia mfukoni. Askari aliyependa pilipili alingoja mpaka amalize kutafuna.

Magunia yalikuja kuchukuliwa na mahamali wa bandarini, watu aliofanya nao kazi Gharib miaka yote. Wa mwisho alikuwa jirani yao aitwaye Mmanga. Alipopita jikoni na gunia kichwani alisimama.

"Utanisamehe, dada. Nimeamrishwa."

"Yule mwanamke alikutazama usoni?" Kidawa alimuuliza.

"Yupi?"

"Somoe. Pale kwenye magunia."

"Sijui. Sikuinua macho."

"Umefanya vizuri," Kidawa alisema. "Wewe una watoto, na chumba chenu kimoja."

Baada ya siku chache mizinga ilipigwa bandarini, si ya vita bali ya kutangaza kuwa vita vimekwisha. Watu walitoka barabarani. Skuli zilifungwa na watoto wakapewa halua. Siku ile askari wa chumba cha uani walivaa nguo safi, wakasimama mstari mmoja mbele ya bendera, na ng'ambo ya kamba askari wa Kireno wakafanya vivyo hivyo. Maafisa walipeana mikono juu ya kamba. Magunia sita yalikuwa bado kwenye banda la bandarini, hayajafunguliwa. Kidawa alimuuliza Salem kama sasa yatarudishwa. Salem alisema atauliza, na aliuliza, na akaambiwa kuwa ya wakati wa vita yamekwishaandikwa ya vita.

Mzee Mfaume alikufa siku ya tisa ya amani. Hakuwa na ugonjwa mwingine ila njaa. Somoe na wenzake walimwosha, wakataka kumpeleka makaburini, hatua arubaini kutoka kibandani kwake. Askari wa kamba walitaka cheti. Cheti hutolewa na afisa wa Kireno, na afisa wa Kireno alikuwa ameshuka mtoni kwenda kwenye sherehe. Walingoja tangu asubuhi mpaka baada ya alasiri. Jua lilikuwa kali, na nzi walianza kuja.

Bi Shariffa alishuka ngazi zote. Alivuka ukumbi, akapita kati ya magunia ya mchanga, akaingia chumba cha uani kwa mara ya kwanza tangu kibadilike. Mkononi alikuwa na kitambaa cheupe kilichokunjwa, kinanuka udi.

"Hii sanda yangu," alimwambia Somoe. "Nliiweka miaka kumi. N'tapata nyingine. Mleteni huku, mzikeni uani, ndani ya hati yangu."

Walimzika baina ya kisima na ukuta wa jirani. Wanaume wa mtaani walikuja kumsalia, na Mmanga akashuka kaburini kumpokea. Siku ya pili Salem aliletwa na futi. Alipima, akaandika kuwa wakazi wa ardhi iliyokamatwa, kwa njia ya maziko, wameingia ndani ya mji kwa futi kumi na nne, na kwamba wenye nyumba wanaombwa jambo hilo lisirudiwe. Alipomaliza kuandika aliinua mikono, akamwombea marehemu, akajifuta miwani.

"Uamuzi umekuja?" Bi Shariffa alimuuliza. "Nchi ya nani?"

"Wakubwa watakaa Ulaya mwakani, Bi. Lakini inasemekana itakuwa ya Wareno."

"Na askari wa huku watakwenda?"

"Watabaki mpaka wa kule wafike."

Afisa wa Kiingereza hakungoja hayo. Aliondoka kwa meli ya kwanza ya mwaka mpya wao. Kidawa alisikia kuwa ameshapanda, akajitanda kanga, akatoka Malindi akaenda Shangani, kwenye nyumba aliyokuwa akikaa afisa. Ilikuwa nyumba nzuri iliyopakwa chokaa mpya, yenye madirisha ya kuelekea baharini. Mpishi, mtu aliyeitwa Shamsi, alikuwa akikunja mazulia.

"Shikamoo, bwana Shamsi."

"Marahaba. Bwana kashaondoka, mama."

"Najua. Nataka kuona chumba chake cha uani."

"Cha nini?"

"Nataka kuona kama kuna kitu kilikuja."

Shamsi alifikiri. Aliweka zulia chini, akamtangulia. Kilikuwa chumba kikubwa kuliko chumba chochote cha Kidawa. Mlikuwamo jozi nne za viatu vya ngozi, tundu tupu la ndege, na masanduku ya biskuti. Kuta zilikuwa zote nne. Sakafu ilikuwa kavu na imefagiwa. Kidawa aliinama akaipapasa kwenye pembe, akainusa mikono. Ilinuka sabuni.

"Wakati wote aliokaa hapa," aliuliza, "hakukuwa na moshi? Hakukuja mtu kupiga hodi?"

"Hapa? Hakukuja mtu. Alikuwa akilala vizuri sana."

"Hebu ningoje kidogo."

Shamsi alimletea kiti. Kidawa alikaa akiutazama ukuta wa nyuma mpaka ilipoadhiniwa adhuhuri. Ukuta haukufanya kitu. Alimshukuru mpishi, akauliza hali ya watoto wake, akarudi nyumbani kwa njia ya sokoni.

Aliposukuma mlango alisikia sauti za watu asiowajua. Somoe alikuwa jikoni, amesimama juu ya magunia ya mchanga kuwapisha. Ukuta wa mashariki wa jiko, ule wenye rafu ya vyungu, haukuwapo tena. Vyungu vilikuwa vimepangwa chini vizuri. Mahali pa ukuta palikuwa na mwambao wa matope, na visiki vya minazi vilivyokatwa, vingi, safu kwa safu, na watu wapatao thelathini wamesimama na mizigo midogo. Mbele yao alisimama mwanamke mzee aliyefunga mkono kwa kitambaa.

"Hodi," alisema.

"Karibuni," Kidawa alisema.

"Tunamtafuta mwanamume mrefu mwenye sikio lililokatika. Alibeba maboriti ya msikiti wetu kwenda kufanyia daraja."

"Ni hapa."

"Yuko wapi?"

"Kafungwa. Bado miezi minne."

Mwanamke mzee aligeuka akawaambia wenzake. Walisemezana kidogo, kisha wakaanza kuitua mizigo yao.

"Basi tutamngoja," alisema.

Kidawa alivua kanga ya kichwani, akaikunja, akamuuliza Somoe kama muhogo uliobaki utatosha.